Tupeane uzoefu: "Nipe kolgeti ya Whitedent" na mengine tuliyoachiwa na matangazo

Wakuu, jana nimeenda kwa Mangi kununua dawa ya meno. Nikasema, "Nipe kolgeti." Akauliza, "Kolgeti gani?" Nikamjibu, "Ya Whitedent." Akanipa, nikalipa, hakuna aliyecheka. Nimefika nyumbani ndipo nikashtuka: hizo ni chapa mbili zinazoshindana, moja ya Marekani, nyingine ya hapa hapa Dar! Neno lenyewe sikumbuki nililitoa wapi; nadhani ni redio ya babu.

Wewe matangazo yamekuachia nini? Siongelei bidhaa uliyonunua ukajuta, hizo zina uzi wake.

Muuza Viazi, Mbeya
Sado. Wateja wangu wote ni "nipe sado mbili". Mwaka jana mwanangu ndiye kanifumbua macho kwamba ni Sadolin, rangi ya nyumba, lile kopo la lita 4. Miaka yote napimia watu chakula kwa jina la rangi! Na kopo langu halina hata maandishi, nimelinunua sokoni likiwa tupu.

Wa Nakuru
Huku Kenya ni kasuku, mkebe wa mafuta ya kupikia. Mahindi, maharagwe, vyote tunapima na kasuku. Mimi mkebe niliujua kwanza. Ndege nilikutana naye kitabuni darasa la pili, nikajua tu amechorwa hapo kutangaza mafuta.

Fundi Umeme
Kolgeti cha mtoto. Mimi nikitumwa omo narudi na sabuni ya unga yoyote, na wife anaiita omo hiyo hiyo. Pampasi je?

Baba Mapacha
Kwangu ni binti yangu, miaka 6. Nyumbani nguo nafua mimi, mama yao anafanya kazi zamu za usiku. Juzi tangazo la sabuni limepita kwenye TV, akaniangalia, akaangalia beseni: "Baba, mbona wewe hujavaa kanga?" Sikuwa na jibu. Nikaendelea kusuuza.

Kona ya Stendi
Nyumba yetu iko barabarani. Kampuni moja ya simu ikaomba kutupakia ukuta rangi zake, bure. Mzee akakubali fasta, maana plasta ile haikuwahi kuonja rangi. Tangu hapo watu wanapiga hodi mpaka saa 3 usiku wakitaka kurudishiwa laini zilizopotea. Mama kachoka kuwaeleza, sasa anauza vocha dirishani.