Lori limemuua kakangu huko Sabaki, tajiri ataka tusaini 150,000 "yaishe". Nisaidieni

MwanaShella
Assalaam aleikum jamani. Mwezi uliopita kakangu aligongwa na lori la chumvi akitoka Mambrui na pikipiki yake ya samaki, kabla ya kufika daraja la Sabaki. Alifia pale pale. Tulimzika siku ile ile baada ya alasiri. Ameacha mke na watoto 3, wa mwisho bado ananyonya.

Juzi kaja mtu, asema katumwa na mwenye lori. Kaketi barazani, kanywa chai, kisha akatoa bahasha na karatasi ya Kiingereza. Ni 150,000 za kufuta machozi, tusaini yaishe, eti kesi za bima ni za miaka na mawakili hula zote. Eti kwa kuwa shemeji yuko edani, yaani akaa ndani kwa kufiwa na mume, nisaini mimi. Mama ashaanza kulainika, asema tuchukue, kakako harudi. Mimi roho inakataa ila sijui pa kuanzia.

Kadogo_Barani
Poleni sana, Mungu amrehemu. Usisaini yakhe! Karatasi ya Kiingereza inayoletwa na bahasha huwa yasema hamna dai tena.

KaraniMstaafu
Mwanangu, nimefanya kazi ofisi ya wakili miaka mingi, nisikilize. Wewe si mdai hapo. Sheria ya vifo vya ajali, Sura ya 32, inawatambua mke, mume, wazazi na watoto wa marehemu. Ndugu hayumo. Huyo mtu anakufuata wewe kwa sababu u mwanamume na wapatikana barazani. Dai ni la shemejio, wanawe na mama.

Nenda kituo cha polisi kilichoandikisha ajali, uchukue abstrakti, ile karatasi ya polisi ya maelezo ya ajali. Itazame nambari ya lori na jina la bima, tarakimu moja ikikosewa mtazunguka mwaka mzima. Mwenye lori atafutwe NTSA, wanaosajili magari, kwa hiyo nambari. Halafu cheti cha kifo na barua ya chifu, ili mahakama impe shemeji au mama hati ya kusimamia kesi ya marehemu. Bila hati hiyo, hakuna wa kushtaki kwa niaba yake. Muda ni miaka 3 tangu kifo, msingoje.

Na hapa wengi huteleza: bima lazima ipewe notisi kabla ya kesi kufunguliwa au ndani ya siku 14 baada yake. Ni Sura ya 405, sheria ya bima ya magari. Ikikosekana, bima yapata mlango wa kutorokea.

MwanaShella
Shukran mzee wangu. Lakini kakangu hakuwa na payslip. Kuna daftari lake tu, lina magamba ya samaki mpaka leo. Kaandika kwa kalamu: changu kilo 14, tafi kilo 9, deni la mama fulani.

KaraniMstaafu
Hilo daftari lifiche kama dhahabu! Ongeza taarifa za M-Pesa, na wavuvi waliokuwa wakimuuzia waje washuhudie. Bila ushahidi mahakama huweza kushuka hadi kima cha chini cha mshahara. Hesabu ya mfano: faida yake 15,000 kwa mwezi, mara 12, mara miaka 20 ambayo angefanya kazi, kisha theluthi mbili, yaani sehemu iliyokuwa ikiwaendea wategemezi, kwa kuwa alikuwa na mke na watoto. Ni 2,400,000. Miaka huamuliwa na hakimu kwa umri wake. Bima hulipa hadi milioni 3, zaidi ya hapo yamwangukia mwenye gari. Risiti za maziko pia zatiwa. Ila kama hakuwa na kofia au leseni, watamtwika sehemu ya kosa, na pesa zitapungua.

Tuktuk_Maweni
Mimi nasema mchukue. Sisi tulikaa miaka 5 na kesi ya babangu, kila siku "kesi imeahirishwa". Watoto wanakula leo, hawali hukumu.

Kadogo_Barani
Yako ilichelewa kweli, lakini si mlilipwa? Na MwanaShella, wakija wale mabroka wa hospitalini na wakili wa "tugawane nusu kwa nusu", wafukuze. Wakili hakubaliwi kisheria kufunga malipo yake kwa asilimia ya ushindi. Na faini atakayotozwa dereva kwenye kesi ya trafiki ni ya serikali, msije mkaambiwa ndiyo fidia yenu.

BintiGanda
Kuhusu eda, muulizeni kadhi wa hapo Malindi. Mwenye eda akiwa na haja ya lazima hutoka mchana akarudi kulala kwake, na haki ya mayatima ni haja. Mimi nilimpeleka dadangu kula kiapo, tukarudi kabla ya adhuhuri.

MwanaShella
Allah awalipe. Abstrakti naifuata kesho asubuhi, na mama nimemsomea hesabu ya mzee, akanyamaza. Yule mtu kanipigia sasa hivi, amefika 250,000. Sijamjibu.

KaraniMstaafu
Laki nzima kwa siku mbili, na hujaomba. Usimjibu.