Maabara za kliniki Malindi, acheni kuwapachika watu taifodi kwa tone moja la Widal

Jamani, hili la taifodi limepita mpaka. Mtu anaingia kliniki na homa ya siku mbili, saa haijaisha anatoka na karatasi ya Widal, kipimo cha damu cha taifodi, imeandikwa "pozitivu", boksi la antibiotiki ya siprofloksasini na sindano za siku tano. Wiki ya pili mkewe, taifodi. Mtoto naye, taifodi. Kutoka Maweni mpaka Kisumu Ndogo kila homa ina jina hilo hilo, na watu wanalipa.

Widal haimtafuti mdudu. Inatafuta kingamwili ambazo mwili umetengeneza dhidi ya sehemu mbili za bakteria huyu, O na H. Kingamwili za H zaweza kukaa damuni miaka. Aliyeugua zamani, aliyechanjwa, aliyepatwa na salmonela (jamii ya mdudu wa taifodi) wa aina nyingine, hata mwenye malaria leo hii, damu yake inaweza kufanya chembechembe kwenye slaidi. Na huku kwetu, kisima kiko hatua chache na shimo la choo, ni wangapi ambao hawajawahi kukutana na jamii hiyo ya wadudu?

Halafu njoo kwenye ufundi wenyewe, ndipo panapoudhi. Kipimo cha slaidi kina ngazi: seramu (maji ya damu) ikipunguzwa na chembe bado zikatokea, kingamwili ni nyingi zaidi. Maikrolita 80 za seramu kwa tone moja la kitendanishi, yaani dawa ya kupimia, ni sawa na 1:20. Ukiweka 40 ni 1:40, 20 ni 1:80, 10 ni 1:160, na 5 ni 1:320. Maabara ya harakaharaka inaishia kwenye ile 80, ikiona chembe inaandika "pozitivu" na kumwita anayefuata. Jibu la 1:20 au 1:40 kwa mkazi wa pwani hii si ushahidi wa taifodi. Hata 1:160 ya mara moja ni ya kutilia shaka tu. Ushahidi ni sampuli mbili, ya pili baada ya siku 10 hadi 14, kiwango kiwe kimepanda mara nne. Nani hapa mjini amewahi kuambiwa arudi kwa sampuli ya pili?

Slaidi inazungushwa na kusomwa kwa dakika moja. Ukiiacha chini ya feni wakati wa joto la kaskazi huku unaandika risiti, kingo zinakauka, chembe zinajikusanya zenyewe, na hapo umemtengenezea mtu ugonjwa. Vitendanishi vinataka nyuzi 2 hadi 8 na havitakiwi kugandishwa. Umeme ukikatika usiku kucha, nani aliangalia kipimajoto cha friji asubuhi? Chupa itikiswe kabla ya kutumiwa. Kontroli chanya na hasi, yaani sampuli ambazo jibu lake linajulikana, ziendeshwe kila siku ya kazi. Bila kontroli hujui hata kama kitendanishi chako kingali kizima.

Pigeni hesabu. Tuseme wenye homa ni 100 na wenye taifodi kweli ni 5. Kipimo kikiwasingizia 20 katika kila 100 wasio nayo, hao 95 watatoa pozitivu 19 za uongo. Hata kikiwapata wote 5, karatasi ni 24 na 19 kati yake ni batili.

Na hao 19 wana nini? Lamu mwaka 2004 chikungunya iliingia, na upimaji wa damu uliofuata ukaonyesha karibu robo tatu ya wakazi waliambukizwa. Dengi nayo imeripuka Mombasa zaidi ya mara moja. Homa hizo ni za virusi, antibiotiki haizigusi. Malaria nayo inapitwa: tone nene la damu kwenye slaidi likae kwenye rangi ya Giemsa ya asilimia 10 kwa dakika 10, na visomwe viwanja vya darubini visivyopungua 100 kabla ya kuandika "hakuna vimelea". Wengine wanachomwa jentamisini kutibu taifodi, dawa isiyofika vizuri ndani ya seli anamojificha mdudu huyo.

Kipimo cha kutegemewa ni kuotesha damu, yaani kumwotesha mdudu aliyemo ndani yake: mililita 8 hadi 10 kwa chupa kwa mtu mzima, itolewe kabla ya antibiotiki. Vidonge viwili vya kununua dukani vinatosha kuiharibu. Nayo inawakosa wengi, karibu nusu, kwa hiyo hasi yake haimfungi daktari macho. Lakini ikiota, unajua ni mdudu yupi na dawa gani inamuua.

Wenye maabara, andikeni kwenye karatasi: O ngapi, H ngapi, kontroli za leo zilitoka vipi, homa ni siku ya ngapi. Mgonjwa aliyezidiwa asisubiri jibu, aanzishiwe matibabu hapo hapo, ila damu ya kuotesha itoke kwanza. Na wewe uliyepewa "pozitivu" tupu bila namba, rudi dirishani ukazidai.