Naomba ushauri: namna ya kuwahoji wazee kuhusu mkesha wa Mapinduzi ya Zanzibar

Ndugu zangu, ninakusanya kumbukumbu za wazee wa Ng'ambo na Mji Mkongwe kuhusu Jumamosi ya tarehe 11 Januari 1964, ambayo usiku wake wa kuamkia Jumapili kambi za polisi za Ziwani na Mtoni zilivamiwa. Uchaguzi wa Julai 1963, ambapo chama cha Afro-Shirazi (ASP) kilipata kura nyingi lakini viti vichache, umeandikwa vya kutosha. Ninachokitafuta mimi ni maisha ya nyumbani. Ramadhani ilikuwa imebakiza siku chache kuanza, na bibi yangu husimulia kwa furaha alivyokuwa akichambua choroko barazani na kupanga vunja jungu na majirani, lakini nikimuuliza nani alijua kinachokuja, hubadili mazungumzo. Simlaumu, kwani baadhi ya majirani hao hakuwaona tena. Je, nimhoji peke yake, au pamoja na shoga yake wa zamani ambaye jamaa zake walikuwa upande wa pili wa siasa? Na nikimrekodi, ni busara kuhifadhi majina ya watu ambao watoto wao bado wanaishi mtaa uleule?