Korti ilisema mwalimu aliyesajiliwa si mwanagenzi, sasa hawa wengine 20,000 walitoka wapi??

Jameni mnisamehe, leo naandika kwa hasira na nukta sitaweka vizuri, niko na makaratasi ya mtihani hapa mezani ya kusahihisha lakini imenishinda.

Nianze na korti maana kuna watu huku wanajifanya wamesahau. Tarehe 17 Aprili 2024 Jaji Byram Ongaya wa ile mahakama ya mambo ya ajira hapo Nairobi alisema wazi kabisa, mtu amesoma amemaliza, amesajiliwa, ana namba, huyo ni mwalimu, na TSC, ile tume ya kuajiri walimu, haina ruhusa ya kisheria kumchukua kama mwanagenzi, yaani intani, imlipe hela ya kibarua. Walioenda kortini ni shirika linaitwa Forum for Good Governance and Human Rights. Jaji akasema haki ya watu hawa kazini imevunjwa, ni Katiba hiyo, kifungu cha 41, si maneno ya mtaani. Akatoa muda mpaka Agosti 1 watu wajipange kwa sababu walimu 46,000 wa intanshipu huwezi kuwatoa darasani siku moja. Siku hiyo nilikuwa stafrumu, wanagenzi wetu wa JSS, ile sekondari ndogo ya Gredi 7 hadi 9, walipiga meza mpaka chai ikamwagika.

Tume ikakata rufaa. Haya, ni haki yao pia. Mei vijana wakaingia barabarani, wengine wakala gesi ya machozi. Kufika Januari 2025 wale 46,000 wakapewa pamanenti, kazi ya kudumu, tukashangilia, kumbe mwezi huohuo, HUOHUO jameni, wengine 20,000 wapya wanaingizwa kwa intanshipu ileile. Umeambiwa uache kuiba kuku, unamrudishia mwenyewe kuku wake halafu ukitoka langoni una mwingine kwapani.

Na msiniambie hakuna pesa. Mwanagenzi wa JSS amekuwa akilipwa shilingi 20,000 kwa mwezi, wa praimari 15,000, na hapo bado makato, wengi wa JSS wanapokea kama 17,000 hivi mkononi. Masomo anafundisha sawa na mimi wa pamanenti, saa zingine zaidi yangu, sayansi anafundisha yeye, hesabu yeye, na michezo Ijumaa yeye. Mtoto wa Gredi 8 hajui huyu ni kibarua na huyu si kibarua, anamuita tu "ticha".

Sasa hapa ndipo damu yangu inachemka. Watu wanabishana kuhusu mshahara tu, mimi nasema hata hiyo intanshipu yenyewe ni mchujo, ila haujaandikwa popote. Upelekwe kaunti ya mbali, ulipe nyumba, ule, upande boda kila asubuhi, kwa hiyo 17,000, mwaka mzima, pengine miwili. Nani anaweza? Anayeweza ni yule ambaye babake anamtumia unga na kitu kidogo cha nyumba. Yule ambaye yeye ndiye anatumia nyumbani anarudi kuuza mitumba. Halafu kwa sababu waliovumilia ndio wanafikiriwa kwanza nafasi za pamanenti zikija, huyu wa mitumba anaonekana hakutaka kazi. Kwenye karatasi kila kitu kiko sawa, ni usawa mtupu.

Dadangu mdogo ni hivyohivyo. Ana namba tangu 2015, ana watoto wawili, amefundisha shule kadhaa kwa hela ya bodi ya shule, ile ya kulipwa wazazi wakilipa. Nafasi zikitangazwa anapiga kopi vyeti, anapanga foleni, anaambiwa subiri listi. Listi ikitoka kuna majina hata hakuyaona kwenye foleni!! Akaenda ofisi moja (siitaji) kuuliza maksi zake, akaambiwa "madam, hizo hazipeanwi." Kama maksi ni zangu kwa nini nisizione? Mimi nikisahihisha mtihani wa mtoto nikakataa kumwonyesha karatasi, mzazi wake atakuja shule na rungu.

Halafu mambo ya barua. Kijijini kwetu mheshimiwa mmoja alisimama mazishini, marehemu hajazikwa, akasema amekuja na barua za kazi za walimu. Zikagawanywa kama unga wa msaada. Wamama wakapiga vigelegele. Dadangu alikuwa hapo, alikuwa amebeba sufuria ya wageni, akaiweka chini akaenda nyumbani. Sijui kama barua zile zilikuwa za kweli ama ni siasa, lakini hebu fikiria umekaa lami ukitafuta kazi miaka yote hiyo halafu unaona kazi yako inatolewa kwenye mfuko wa koti la mtu.

Na kabla mtu hajakuja na ile ya "walimu mmezidi sokoni," ndio, tumezidi, najua. Tukizidi ndio maana foleni lazima iwe nyoofu. Mkate ukitosha wote nani ataangalia foleni?

Wenye hukumu ya Jaji Ongaya nzima, si ile ya gazeti, naomba muiweke hapa chini. Nataka kuisoma mwenyewe neno kwa neno, nimpelekee na yule wa "madam hizo hazipeanwi".