Mrejesho: ile CD ya Swahili Rap

Wakuu, niliuliza kama CD ya Swahili Rap ya rapa wa Bongo Saleh Jabir, albamu ya 1991, niliyoinunua Kariakoo ni toleo halali. Siyo. Kwenye jalada hakuna jina la mtoaji. Nikaifungua kwenye Audacity, programu ya kuchambua sauti, kama mlivyonielekeza: masafa ya juu yanakatika ghafla kwenye kilohezi 16, dalili ya MP3 hafifu (faili iliyobanwa mno) iliyochomwa upya kwenye CD.

Mzee wa mtaani, Ilala, kaniazima kaseti yake. Tulisafisha hedi ya deki (sehemu inayosoma utepe) kwa spiriti, tukanakili kwenye kompyuta kwa WAV, faili isiyobanwa. Mchakacho wa utepe upo, lakini besi imejaa, na Saleh anavyochana juu ya biti ya Vanilla Ice, rapa wa Marekani, unasikia kila neno! Nimefurahi mno. Faili siisambazi, hiyo ni jasho la msanii. Anayejua namna ya kumpata aje PM.