Majirani Jengo C: bakuli la bluu na sosi ya simsim

*Jumatatu*

Mama Zawadi: Hamjambo majirani. Natafuta bakuli langu la bluu la udongo, limemeguka kidogo ukingoni. Nililiacha pale chini Jumapili baada ya kula. Aliyelibeba si neno, anirudishie tu.

Wanjiru C4: Lile la saladi? Mimi nilifika likiwa limeshapanguswa 😂

Mama Imani: Mama Zawadi, kabla ya bakuli tuambie uliweka nini kwa zile mboga. Imani hali kitu kibichi hata umchape, na pale aliongeza mara mbili.

Baba Kevo: Majani mabichi ni chakula cha mbuzi. Nimesema.

Bi Khadija: Na mbuzi hana presha, Baba Kevo.

Wanjiru C4: 😂😂😂

Mama Zawadi: Bi Khadija usituue. Ni sosi ya simsim tu. Simsim ya kukaanga, ndimu, soya sosi, asali, basi.

Mama Imani: "Tu" hiyo ndiyo inanichosha. Andika vizuri, vijiko ni vingapi.

Keateka Mutiso: Wapangaji, kesho naosha tangi kuanzia saa tatu asubuhi hadi saa sita. Chotani maji usiku huu.

Mama Zawadi: Sawa Mutiso.
Haya. Simsim nyeupe vijiko vikubwa 4. Mafuta ya kupikia vijiko 2. Maji ya ndimu kijiko 1 na nusu. Soya sosi kijiko 1. Asali kijiko kidogo cha chai. Kitunguu saumu punje moja, ile ndogo kabisa. Maji baridi pembeni, utayahitaji. Chumvi usiguse mpaka uonje, soya sosi ina chumvi ya kutosha.

Mama Sakina: Simsim ndiyo ufuta?

Mama Zawadi: Ndiyo dada, ufuta. Lakini ukimwambia mama mboga wa hapa "nipe ufuta" atakuangalia kama umemtukana.

Mama Sakina: Jamani, kwetu Mtwara ufuta ni pesa za shule! Mnaufanya kitu cha kunyunyizia mkate.

Bi Khadija: Jina ni hilo hilo la mafuta. Sisi Lamu mafuta yake twayaita mafuta ya uto. Zamani yalikamuliwa kwa kinu kikubwa, ngamia akizunguka toka asubuhi. Marehemu mama yangu alitupaka kichwani, akapikia, akamkanda mzazi, chupa ile ile moja.

Wanjiru C4: Bi Khadija, hayo ndiyo yale meusimeusi ya dukani yenye harufu kali?

Bi Khadija: Hapana mwanangu. Yale mbegu zimekaangwa kwanza ndipo zikakamuliwa. Ya uto hukamuliwa mbegu mbichi, rangi yake ni ya dhahabu.

Mama Zawadi: Na yale meusi ukiwa nayo tia nusu kijiko cha chai mwishoni, kwa ajili ya harufu tu. Usikaangie, yanaungua haraka na ni ghali. Mimi Jumapili sikutia.

Mama Atieno: Simsim unanunua wapi? Ile ya kipakiti cha supamaketi ni kiduchu na bei ni ya dawa.

Mama Zawadi: Marikiti, kwa wale wanaouza njugu na kunde za gunia. Eastleigh pia. Ila ya gunia ina mchanga, mama.

Mama Atieno: Ninajua sana. Kwetu Busia ilikuwa kazi yangu. Unamwaga simsim kwenye beseni la maji, unazungusha kwa mkono, kisha unamimina maji pamoja na mbegu kwenye chujio la chai kabla hazijatua. Mchanga unabaki chini. Mara tatu. Ukiacha hiyo hatua, utasikia *krr* kwenye jino la nyuma katikati ya chakula na wageni wanakutazama.

Mama Zawadi: Asante, hapo nilikuwa nimesahau. Halafu uanike kwenye kitambaa hadi ikauke. Ikiingia kikaangoni na maji, inachemka badala ya kukaangika.

Mama Ryan: Samahani nimesoma sasa hivi. Ile saladi ya Jumapili ilikuwa na simsim??

Mama Zawadi: Ndiyo Mama Ryan. Kwa nini?

Mama Ryan: Ryan hawezi simsim kabisa. Hata biskuti yenye punje mbili juu, midomo inafura na anaanza kukohoa. Bahati alikuwa amelala. Simlaumu mtu, lakini tukileta vyakula pamoja tuwe tunataja vilivyomo.

Mama Zawadi: Uuuwi. Pole sana, sikujua, na ningepaswa kusema. Ikisagwa haionekani hata.

Mama Ryan: Ndiyo shida yake. Wengi wanajua njugu tu. Marekani tangu 1 Januari 2023 ni lazima simsim iandikwe kwenye pakiti kama mzio mkuu wa tisa, lakini sahani ya jirani haina pakiti 😅

Bi Khadija: Kweli. Siku nyingine tuandike kikaratasi, tuweke mbele ya kila chungu.

Mama Imani: Nimeandika hiyo pia. Kesho jioni nafanya.

*Jumanne*

Mama Imani: [picha]

Wanjiru C4: Hiyo ni simsim au majani ya chai?

Mama Imani: 😭 Nilienda kumfungulia Mutiso mlango. Dakika moja!

Keateka Mutiso: Nilikuwa naleta risiti ya maji mama.

Mama Zawadi: Tupa. Usijaribu kuiokoa kwa asali, uchungu utaukuta hapo hapo. Anza upya, moto mdogo kabisa, kikaango kikavu bila mafuta, na mwiko usiondoke mkononi. Dakika ya kwanza na ya pili utaona kama hakuna kinachofanyika, utashawishika kuongeza moto. USIONGEZE. Ghafla zitaanza kuruka, moja, mbili, tap tap. Chukua chache, zisage kati ya vidole. Zikivunjika na kunukia kama njugu, zimwage papo hapo kwenye sahani baridi. Ukizima moto ukaziacha kikaangoni, kikaango kitaendelea kuzipika bila ruhusa yako.

Mama Imani: Rangi iweje?

Mama Zawadi: Kama chapati kabla haijapata madoa.

Wanjiru C4: Maelezo ya Kikenya haya 👏

Baba Kevo: Kwa hiyo tunapika ndipo tule mbichi. Endeleeni.

Mama Imani: Nimemwaga. Zinanukia mpaka kwa ngazi. Sasa blenda?

Mama Zawadi: Ukiwa na kile kikombe kidogo cha kusagia pilipili manga, tumia hicho. Kwenye jagi kubwa vijiko 4 vitakimbia pembeni na kisu kitakata hewa. Saga zikiwa bado na joto kidogo, mafuta yake yanatoka upesi.

Mama Atieno: Au kinu. Mama yangu alisaga kwa jiwe mpaka ikawa kama siagi ya njugu, hakuweka tone la kitu. Karibu nusu ya mbegu ni mafuta, ina cha kutoa. Halafu aliichanganya na mboga za kienyeji zilizochemshwa. Mtoto wa mjini hajui hiyo kitu.

Wanjiru C4: Wajapani wana karibu hiyo hiyo. Nilijifunza chuoni, inaitwa goma-ae. Spinachi inachemshwa kidogo, inakamuliwa maji, inachanganywa na simsim iliyokaangwa ikasagwa, soya sosi na sukari.

Mama Atieno: Basi walipita Busia.

Mama Imani: Imekuwa unga, si siagi.

Mama Zawadi: Simamisha, kwangua pembeni kwa kijiko, tia mafuta yako, saga tena. Mara nne au tano. Pumzisha mota, usisikie harufu ya waya.

Mama Imani: Sawa imelainika. Natia ndimu na soya sosi

Mama Imani: MAMA ZAWADI IMEGANDA

Mama Imani: [picha]

Mama Imani: Ni kama udongo wa kufinyangia! Nimeharibu tena???

Mama Zawadi: Hujaharibu. Hapo ndipo watu wote hutupa. Simsim iliyosagwa ikikutana na maji kidogo inayashika na kufura, inakuwa nzito kuliko mwanzo. Dawa yake ni maji zaidi, si mafuta. Kijiko kimoja cha maji baridi, koroga kwa nguvu. Kingine, koroga. Kwenye cha tatu au cha nne itakubali yenyewe, na utaiona ikibadilika rangi kuwa nyeupenyeupe.

Bi Khadija: Koroga na jina la Mungu.

Mama Imani: Cha kwanza bado.

Mama Imani: Cha pili bado, mkono unauma

Mama Imani: Eeeeh! Imelegea! Imekuwa kama mtindi!

Mama Zawadi: 🙌 Sasa asali na hicho kitunguu saumu, kipondeponde. Onja kwa jani, usionje kwa kijiko. Kwa kijiko itakuwa kali, kwa jani itakuwa sawa.

Mama Sakina: Naweza kutia siki badala ya ndimu?

Mama Zawadi: Unaweza, punguza kidogo. Mimi napenda ndimu.

Wanjiru C4: Na ni majani gani? Mimi nina spinachi tu.

Mama Zawadi: Letasi ndiyo rahisi. Spinachi chagua majani madogo, utoe shina. Hii yetu ya shina nene jeupe ni ndugu wa bitiruti, si ile ya Wajapani wa Wanjiru, ikikomaa inakwaruza ulimi. Sukuma changa pia inawezekana: kata nyembamba kama ya ugali, nyunyiza chumvi, ifinyefinye kwa mikono dakika mbili mpaka inyong'onyee. Managu usithubutu, hiyo ipikwe.

Mama Ryan: Na kuosha, tafadhali. Mboga nyingine za hapa mjini tunajua zinamwagiliwa maji gani.

Mama Zawadi: Jani moja moja, maji yanayotiririka. Halafu uzifunge kwenye taulo safi la jikoni na uzungushe kama unamfukuza kuku. Jani lenye maji sosi inateleza, yote unaikuta chini ya bakuli. Na uchanganye wakati watu wameshakaa mezani. Ukichanganya mapema majani yanalala.

Mama Imani: Inakaa siku ngapi?

Mama Zawadi: Kwenye chupa ya jamu iliyofungwa, ndani ya friji, siku nne. Itakuwa nzito tena, ongeza maji utikise. Bila friji fanya ya siku hiyo tu, kuna kitunguu saumu kibichi ndani.

Baba Kevo: Swali la kielimu tu. Inaenda na viazi vya kuchemsha?

Bi Khadija: Mbee 🐐

Baba Kevo: Nimeuliza kwa niaba ya Kevo.

Mama Imani: Jamani imeiva. Sukuma, kitunguu chekundu kidogo na nyanya. Imani amesimama hapa na uma. Asante Mama Zawadi, Mungu akubariki.

Mama Imani: [picha]

Wanjiru C4: Inapendeza!

Mama Atieno: Hapo umeweza, mama.

Mama Zawadi: Hongera sana 😍

Mama Zawadi: Mama Imani.

Mama Zawadi: Hilo bakuli limemeguka hapo ukingoni ama ni kivuli?

Baba Kevo: 👀

Mama Imani: *Ujumbe huu umefutwa*

Keateka Mutiso: Tangi limejaa, maji yamerudi. Anayetaka kuosha bakuli aoshe.