Naomba ushauri: malipo ya kazi siku ya sikukuu kwa mwenye mshahara wa mwezi

Habari wakuu. Naombeni ushauri kwa wanaoandaa mishahara hapa Tanzania.

Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004, kifungu cha 25, inataka kila saa iliyofanyiwa kazi sikukuu ilipwe mara mbili ya mshahara wa msingi. Saa moja hupatikana kwa kugawa mshahara wa mwezi kwa 4.333 (wastani wa wiki kwa mwezi), kisha kwa saa 45 za wiki, yaani takriban 195. Mwenye 390,000/= analipwa 2,000/= kwa saa; akifanya saa 8 za sikukuu ni 32,000/=.

Utata wangu uko hapa: je, hiyo 32,000/= inaongezwa yote juu ya mshahara, au ni 16,000/= tu kwa kuwa nusu imo tayari kwenye mshahara wa mwezi? Nimeona hati za malipo za aina zote mbili, na anayeumia ni mlinzi au muuguzi ambaye hana namna ya kukataa zamu.

Zamu ya usiku nayo: inayoanza saa 2 usiku mkesha wa sikukuu, nahesabu saa za baada ya saa 6 usiku pekee. Niko sahihi?

Siku 28 za likizo zinajumuisha sikukuu, hilo halina mjadala.

La mwisho, PAYE (kodi inayokatwa kwenye mishahara) ya Juni mwisho wake ni tarehe 7 Julai, Sabasaba, benki zimefungwa. Mnalipa mapema, au mnategemea malipo ya simu siku yenyewe?